Nilichojifunza kwa Vijana Wanaopiga Paranoid

Katika jiji la Birmingham, Uingereza, ninakoishi na kuwasaidia vijana katika ukumbi mdogo wa mazoezi ya muziki, hakuna albamu inayotajwa mara nyingi kuliko Paranoid ya bendi ya roki ya Black Sabbath, iliyotoka Septemba 1970, miongo mitatu na zaidi kabla ya vijana hao kuzaliwa. Jambo hilo peke yake halishangazi, kwa kuwa wanamuziki wale wanne, Tony Iommi wa gitaa, Geezer Butler wa besi, Bill Ward wa drams na mwimbaji Ozzy Osbourne, walikulia Aston, mtaa wa viwanda usio mbali na katikati ya jiji, na baadhi ya vijana wetu hupita huko huko wanapokuja mazoezini. Kilichonishughulisha kwa miaka mingi ni swali jingine: vijana hawa wanarithi nini hasa kutoka kwenye albamu hii, na kwa nini wale wanaojitahidi kuiga sauti yake neno kwa neno ndio wanaoishia mbali nayo?

Mimi sikulelewa na muziki wa roki. Nilikulia Tanga, masikio yangu yakiwa kwenye redio iliyokuwa ikimpiga Mbaraka Mwinshehe na Morogoro Jazz, na nilipofikia ujana niliingia katika bendi za dansi za Dar es Salaam nikiwa mpiga gitaa la rithimu, kazi ambayo wachezaji ukumbini hawaitupii macho lakini ikiyumba kidogo tu kila mguu unajua. Mpiga rithimu hufundishwa mapema kwamba thamani yake iko katika kumwachia mpiga solo na mpiga besi mahali pa kupita, na akijaza kila pengo kwa ufundi wake mwenyewe, wakubwa humwambia bila kumung'unya maneno kwamba anaiba. Basi nilipoisikiliza Paranoid kwa makini mara ya kwanza, nikiwa tayari mtu mzima na mkazi wa Birmingham, sikuzisikia zile kelele nilizoahidiwa. Nilisikia watu wanne wanaoachiana nafasi.

Ushahidi uko kwenye wimbo wa kwanza kabisa, War Pigs, ambao unakaribia dakika nane. Baada ya utangulizi mzito wenye king'ora, gitaa na besi hupiga mapigo mawili mafupi kisha vyote viwili vinanyamaza, na kinachobaki ni matoazi ya mguuni ya Ward yakihesabu muda pamoja na sauti ya Osbourne ikiimba peke yake. Mapigo mawili tena, kimya tena. Ubeti mzima umejengwa hivyo, na ule uzito ambao watu huusifia kwa zaidi ya miaka hamsini unatokana na kungojea, kwa sababu msikilizaji anajua kwamba gitaa litarudi na hana la kufanya ila kulisubiri. Ningeulizwa na kijana yeyote aanze wapi kuisoma albamu hii, ningemwambia azisikilize dakika mbili za mwanzo wa ubeti ule mpaka aweze kuuhesabu ukimya kwa usahihi ule ule anaohesabia noti.

Lakini vijana hawaanzii hapo. Wanaanza na vifaa. Wanakuja na pedali, vile vifaa vya kubadilisha sauti ya gitaa kwa kukanyaga, zimepangwa sakafuni, amplifaya imefunguliwa mpaka mwisho, nyuzi zimelegezwa chini sana ili gitaa lingurume, na mkwaruzo umeongezwa hadi noti tatu zinazopigwa pamoja haziwezi kutofautishwa na noti moja. Matokeo yake ni kwamba wakifika kwenye ule ukimya wa War Pigs, ukimya wenyewe haupo, kwa kuwa gitaa linaendelea kuvuma kana kwamba hakuna aliyeliambia linyamaze. Kijana mmoja mpiga besi, ambaye wazazi wake walitoka Bukavu na ambaye huniita Papa kama wafanyavyo vijana wa Kikongo kwa mtu wa umri wangu, ndiye aliyelisema vizuri kuliko mimi. Alivua gitaa lake begani, akasema, "Papa, mimi sina pa kukanyaga." Nikamjibu, "Basi mwambie mwenzako, mwanangu, usiniambie mimi." Alimwambia, na ugomvi uliofuata kati yake na mpiga gitaa ulikuwa somo bora kuliko yote niliyowahi kuyatoa ukumbini pale, kwa sababu kwa mara ya kwanza walizungumzia muziki badala ya vifaa.

Hapo ndipo huwa ninawaeleza jambo ambalo wengi hawaliamini mpaka washike gitaa na kujaribu wenyewe. Paranoid ilipigwa kwa nyuzi zilizokazwa kwa kiwango cha kawaida, kile kile anachotumia mwanafunzi wa wiki ya kwanza. Kule kulegeza nyuzi kwa nusu hatua tatu, ambako kumekuwa alama ya vizazi vya bendi za metali, yaani roki ile nzito, Iommi alikuleta kwenye rekodi za bendi hiyo mwaka 1971, katika albamu yao ya tatu, Master of Reality. Kwa hiyo rifu ya Iron Man, yaani kile kipande kifupi cha gitaa kinachojirudia na kuubeba wimbo mzima, haikupata uzito wake kutokana na nyuzi zilizolegea. Imeupata kwa mwendo wake wa kujivuta, kwa besi ya Butler inayotembea nayo sako kwa bako, na kwa sauti ya Osbourne ambayo badala ya kutafuta njia yake inaifuata gitaa noti kwa noti. Watu watatu wanasema kitu kimoja kwa wakati mmoja. Kijana akilielewa hilo anaweza kuipiga rifu hiyo kwenye gitaa kavu lisilo na umeme, na bado itasimama.

Habari ya vidole vya Iommi inajulikana sana, na huku Birmingham imesimuliwa mpaka imekuwa kama ngano, ila mimi naihesabu kuwa sehemu ya ufundi na sihitaji kuifanya hadithi ya kutia moyo. Akiwa na miaka 17, siku ya mwisho ya kazi yake kwenye kiwanda cha mabati, mashine ilimkata ncha za vidole viwili vya mkono wa kulia, na kwa kuwa yeye hutumia mkono wa kushoto kupigia, mkono huo wa kulia ndio unaobonyeza nyuzi. Msimamizi wake kiwandani alimletea rekodi ya Django Reinhardt, mpiga gitaa wa jazi aliyepiga kwa vidole viwili baada ya vingine kuharibiwa na moto. Iommi akajitengenezea vifuniko vya vidole kwa kuyeyusha plastiki ya chupa ya sabuni, akavibandika ngozi, akatafuta nyuzi nyepesi ambazo zisingemuumiza, hata akatumia za banjo kwa kuwa seti nyepesi za gitaa hazikuwa zikipatikana kirahisi. Kilichotokana na yote hayo ni upigaji wa noti chache zilizochaguliwa, mara nyingi mbili tu kwa pamoja, zilizoachwa zilie kwa muda mrefu. Mpigaji mwenye vidole vizima hana sababu ya kuchagua hivyo, na kwa hiyo hana budi kujiwekea sababu yeye mwenyewe. Ndiyo maana mara kwa mara huwapa vijana zoezi la kutunga rifu kwa vidole viwili pekee, bila pedali hata moja, na wakilalamika huwaambia kwamba aliyeanza haya hakuwa na hiari.

Ward, kwa maoni yangu, ndiye aliyedhulumiwa zaidi na waigaji. Alikua akimpenda Gene Krupa, mpiga drams wa jazi ya bendi kubwa za Marekani, na mkono wake katika albamu nzima ni mkono wa mtu anayetaka watu wacheze. Sikiliza Fairies Wear Boots, au zile sehemu za katikati za Hand of Doom ambapo mwendo hubadilika ghafla kutoka kwenye kunong'ona hadi kwenye mbio: matoazi yanayumba, ngoma za kando zinajibu gitaa, hakuna pigo lililopimwa kwa rula. Bendi nyingi zilizokuja baadaye zilichukua rifu za Iommi zikaziweka juu ya drams zilizonyooka kama mashine, na hata leo vijana wakirekodi kwa kompyuta programu huwasogezea kila pigo mahali pake kamili mpaka ule mchezo wote unapotea. Binti anayetupigia drams alikuja kwetu akiwa amefunzwa hivyo. Sikumpa rekodi nyingine za metali. Nilimpa za jazi na za dansi, nikamwomba asikilize jinsi mpiga drams anavyochelewa kidogo kwa makusudi, kisha arudi kwa Ward. Aliporudi, alianza kunisahihisha mimi.

Kuna wimbo mmoja ambao kila mara huwafanya vijana waniangalie kwa mashaka, kama kwamba nimebadilisha albamu kwa siri. Ni Planet Caravan, wa tatu kwa mpangilio, ambao hauna mkwaruzo wowote. Ward anapiga tumba, gitaa linadondosha noti kwa upole, filimbi inasikika kwa mbali, na sauti ya Osbourne imepitishwa kwenye spika inayozunguka hadi inasikika kama inatoka chini ya maji. Kwangu mimi huo ndio wimbo uliofungua mlango wa albamu yote, kwa kuwa tumba nazifahamu, na mwendo ule wa taratibu ningeweza kuupigia rithimu usingizini. Kwa vijana ni mtihani. Bendi ya Pantera kutoka Texas, iliyojulikana kwa ukali usio na huruma, iliurekodi wimbo huu na kuuweka mwishoni mwa albamu yake ya mwaka 1994, Far Beyond Driven, na nilipowaeleza hivyo vijana waliokuwa wakitaka tuuruke, walitulia. Wakati mwingine heshima hutolewa kwa wimbo si kwa sababu ya masikio bali kwa sababu ya shahidi anayeaminika, nami sioni aibu kumtumia shahidi huyo.

Huwa ninaulizwa ilikuwaje vijana wa miaka ishirini na kitu wapige hivyo. Jibu ni kazi ya ukumbini. Kabla ya kuingia studio, bendi ilipiga sana katika kumbi za Ulaya, na huko Zurich, Uswisi, ilitakiwa kupiga vipindi vingi kwa siku moja mbele ya watu wachache, hali iliyowalazimu kurefusha walichonacho na kutunga papo hapo. Humo ndimo War Pigs ilimokulia. Mwanamuziki wa dansi anaielewa hali hiyo bila maelezo, maana nasi tulikuwa tukiunyoosha wimbo kwa kadiri wachezaji walivyotaka, na nyimbo nyingi nzuri zilizaliwa pale mtu alipochoka kurudia cha jana. Walipoingia studio London katikati ya mwaka 1970 pamoja na mtayarishaji Rodger Bain na fundi mitambo Tom Allom, walifanya kazi kwa siku chache, wakipiga pamoja kama walivyozoea jukwaani. Wimbo uliobeba jina la albamu ulitungwa mwishoni kwa haraka, kwa muda usiofika nusu saa, ili kujaza nafasi iliyobaki kwenye santuri. Haufiki dakika tatu, na ndio uliofika nambari 4 kwenye chati za Uingereza, ukaifanya kampuni ibadilishe jina la albamu kutoka War Pigs. Picha ya jaladani, ya mtu mwenye upanga na ngao, ilibaki vile vile ingawa haihusiani tena na jina. Vijana wanaipenda sana habari hiyo, pengine kupita kiasi, maana wanaitumia kutetea kila kitu walichokifanya kwa dakika ishirini.

Ninapowatafuta warithi wa kweli wa albamu hii, mara nyingi nawapata mahali ambapo sauti yenyewe haipo. Sisemi kwamba warithi wa moja kwa moja hawana maana. Metallica ndio waliowakaribisha Black Sabbath kwenye jumba la heshima la muziki wa roki la Marekani mwaka 2006, na walistahili kufanya hivyo. Lakini The Cardigans wa Uswidi, bendi ya nyimbo laini kabisa, waliichukua Iron Man mwaka 1996 wakaiimba kwa sauti nyororo ya kike na gitaa lisilokwaruza, na ule wimbo uliendelea kusimama, jambo linalothibitisha kwamba mifupa yake haikutengenezwa kwa amplifaya. Mwaka 2023 T-Pain, mwimbaji wa Marekani ambaye ulimwengu ulimjua kwa sauti iliyopitishwa kwenye mashine, alirekodi War Pigs kwa sauti yake tupu, kwa namna ya mwimbaji wa soul, na Osbourne mwenyewe akatangaza kwamba hajawahi kusikia marudio ya wimbo huo yaliyo bora kuliko hayo. Nilipowasikilizisha vijana, mpiga gitaa wetu aliuliza rifu iko wapi. Mpiga besi akamjibu kwamba ipo, imehamia kooni.

Maneno ya War Pigs nayo yana sehemu yake katika urithi huu. Yaliandikwa na Butler wakati vita vya Vietnam vikiendelea, na yanawashutumu wakubwa wanaopanga vita kisha wakawaacha maskini wakapigane. Hand of Doom nayo inawahusu askari waliorudi kutoka huko wakiwa watumwa wa heroini. Kijana ambaye baba yake alilikimbia eneo la Kivu hahitaji kufafanuliwa kwamba wimbo huo haukuwa mapambo ya kutisha watu. Alipoanza kuuimba mwenyewe aliuimba bila kunguruma, akiyatamka maneno kama mtu anayesoma orodha ya majina, nami nikaona afadhali nisimguse.

Tarehe 5 Julai 2025 tulikusanyika ukumbini kulitazama kwa intaneti tamasha la mwisho la Black Sabbath, lililofanyika Villa Park, kule kule Aston. Wanamuziki wote wanne wa mwanzo walikuwa pamoja jukwaani kwa mara ya kwanza tangu 2005, Osbourne akiwa ameketi kwenye kiti cha enzi kwa sababu ya maradhi yake. Walipiga nyimbo nne tu, na tatu kati ya hizo, yaani War Pigs, Iron Man na Paranoid, zilitoka kwenye albamu hii moja. Mapema siku hiyo Yungblud, kijana aliyezaliwa 1997, aliimba Changes, wimbo wa bendi hiyo wa mwaka 1972, na nyuso za vijana wetu zilinionyesha kwamba kwao huyo alikuwa daraja muhimu kuliko wakongwe wote waliotangulia kupanda. Osbourne alifariki tarehe 22 mwezi huo huo. Msafara wa mazishi ulipopita Broad Street, bendi ya matarumbeta ya hapa hapa jijini ilitembea mbele ikipiga nyimbo za Black Sabbath, na nilipokuwa nimesimama kati ya umati niliisikia Iron Man ikichezeka barabarani bila gitaa hata moja. Niliufurahia ushahidi huo, ingawa siku yenyewe haikuwa ya kushinda mabishano.

Mpiga besi wetu siku hizi anasikiliza zaidi Duma, wawili wa Nairobi waliotoa albamu yao mwaka 2020 kupitia Nyege Nyege Tapes ya Kampala, muziki wa kasi na kelele za mashine ambao mimi siwezi kuuvumilia zaidi ya nyimbo mbili kwa mkupuo. Sidai kwamba Duma ni wajukuu wa Aston. Ila kijana wetu anapotunga, anaichanganya hamu yake ya ukali huo na kitu alichokitoa kwenye ubeti wa War Pigs: besi inapiga mapigo mawili, inanyamaza, na katika kimya hicho mpiga gitaa, ambaye zamani hakuweza kunyamaza, anaweka kipande cha sebene chenye noti safi zisizo na mkwaruzo. Maneno ni ya Kiswahili cha Bukavu. Mimi nimewaomba jambo moja tu, nalo ni kurekodi wote wanne ndani ya chumba kimoja kwa wakati mmoja, bila kurekebishwa na programu yoyote.

Walikubali, isipokuwa kwamba binti wa drams aliongeza sharti lake. Mwishoni mwa War Pigs, Bain na Allom waliiharakisha tepu hadi bendi nzima ikasikika inapaa na kukatika, hila ya fundi ambayo hakuna mkono uliowahi kuipiga. Yeye anataka wimbo wao umalizike vivyo hivyo, lakini kwa mikono, na mpiga gitaa anasema haiwezekani kwa kasi ile bila noti kugongana. Kwa sasa wamefika kwenye theluthi mbili ya kasi hiyo, na kila jioni anawasukuma kidogo mbele.